MKOROGO NA KIOO: TUNAJIFUNZA NINI KATIKA FILAMU FUPI YA "YELLOW FEVER"?

Bismillahir Rahmanir Rahim.



Sifa zote njema anastahiki Mwenyezi Mungu, Muumba wa kila sura na kila rangi. Rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), jamaa zake na masahaba zake.

Katika gazeti letu la mwaka huu tumeona tuandike juu ya jambo ambalo hapa Mbezi Beach, na Dar es Salaam nzima, kila mtu analiona lakini linasemwa kwa minong'ono tu. Jambo lenyewe ni kujichubua ngozi, au kama wanavyoliita watu mitaani, kupaka mkorogo.

KILICHOTUFANYA TUANDIKE

Siku chache kabla ya Idd, mwanafunzi wetu mmoja wa kike mwenye umri wa miaka 14 hakuonekana darasani kwa siku tatu. Alipokuja alikuwa amejitanda ushungi mpaka karibu na macho, jambo ambalo si kawaida yake. Mwalimu wake wa kike alimwita pembeni kwa upole. Alipofunua uso, mashavu yake yalikuwa yamebabuka kama ya mtu aliyemwagikiwa uji wa moto.

Alikuwa amenunua mafuta ya kupima, yametiwa katika kikopo kisicho na jina wala maandishi yoyote. Aliambiwa apake kila usiku ili Idd imkute "ameng'aa". Tulipomuuliza kwa nini, hakutaka kusema. Baadaye alimweleza mwalimu wake kwamba mwaka uliopita walipiga picha ya Idd nyumbani, na watoto wa shangazi yake wakacheka wakasema katika picha ile yeye yanaonekana meno tu. Maneno yale aliyabeba mwaka mzima.

Yeye na mama yake wameturuhusu tuandike habari hii kwa sharti kwamba tusimtaje. Tunawashukuru wote wawili, maana wameona bora kisa chao kiwe kinga kwa wengine.

FILAMU TULIYOITAZAMA

Tulipokuwa tunatafuta njia ya kulizungumza jambo hili bila kumvunjia mtu heshima, mmoja wetu alituletea filamu fupi iitwayo "Yellow Fever", maana yake Homa ya Manjano. Filamu hii ilitengenezwa mwaka 2012 na Ng'endo Mukii, msanii wa kike kutoka Kenya, alipokuwa akimaliza masomo yake ya shahada ya uzamili katika chuo cha sanaa cha Royal College of Art kilichopo London, Uingereza. Ina urefu wa dakika saba tu, lakini imezunguka katika matamasha mengi ya filamu duniani, na ilipata tuzo katika tamasha la filamu la Chicago, Marekani.

Tuliitazama sisi walimu pamoja na baadhi ya wazazi. Hatukuionyesha darasani, kwa sababu haikutengenezewa watoto, na miili ya watu imeonyeshwa humo kuliko tunavyoweza kukubali katika darasa la madrasa. Lakini hoja yake tuliona ni haki ya kila mwanafunzi na kila mzazi kuijua, ndiyo maana tunaieleza hapa.

Wazazi wetu wengi wamezoea filamu zenye kisa: kuna bibi na bwana, kuna mwovu, kuna mwisho. Hii haiko hivyo. Ni ile inayoitwa filamu ya majaribio, yaani mtengenezaji hasimulii hadithi moja kwa moja bali anajaribu namna mbalimbali za kumfanya mtazamaji ahisi na afikiri. Ndani yake mna michoro inayotembea, mna picha za watu halisi zilizopigwa moja moja kisha zikaunganishwa hadi zinaonekana kama zinaruka, na mna sauti za watu wakihojiwa. Picha zinakatika na kurukaruka. Mwanzoni mmoja wetu alisema, "Hii mbona haitulii?" Baadaye tukaelewa kuwa huo ndio ujumbe wenyewe. Mtu ambaye hajipendi hatulii ndani ya ngozi yake.

Filamu inagusa kumbukumbu za utotoni za mtengenezaji mwenyewe. Inamwonyesha mtoto wa kike akisukwa nywele kwa maumivu, na inamwonyesha mwanamke aliyejichubua uso ukawa mweupe, lakini viungo vya vidole vyake vikabaki vyeusi. Nani kati yetu hajawahi kuviona vidole hivyo? Kwenye daladala mtu anaposhika bomba, uso unasema jambo moja na vidole vinasema jingine.

Kisha zinasikika sauti za watu wawili wa familia yake: mama yake mzazi, na mpwa wake ambaye ni mtoto mdogo wa kike. Hapo ndipo wazazi tuliokuwa nao waliponyamaza. Mtoto yule anaeleza kwa furaha, bila uchungu wowote, kwamba angependa kuwa mweupe kama watu anaowaona kwenye televisheni. Kwa sauti yake hakuna aliyemlazimisha wala aliyemtukana. Amejifunza mwenyewe, akiwa ameketi sebuleni kwao.

Jina la filamu nalo lina maana. Homa ya manjano ni ugonjwa wa kweli unaoenezwa na mbu, ambao humgeuza mgonjwa macho na ngozi kuwa ya njano. Lakini huko Afrika Magharibi jina hilo limetumika pia kuwasema wanaojichubua, kwa sababu ngozi yao haiwi nyeupe bali hugeuka njano. Mwanamuziki wa Nigeria, Fela Kuti, alitoa wimbo wenye jina hilohilo mwaka 1976. Basi tatizo hili halikuanza na simu wala mitandao. Babu na bibi zetu walilikuta.

RANGI YA NGOZI NI NINI?

Kabla ya kusema ubaya wa kuiondoa rangi, ni vizuri mwanafunzi ajue rangi yenyewe ni nini na imewekwa kwa kazi gani.

Ndani ya ngozi ya mwanadamu mna seli maalumu zinazotengeneza rangi iitwayo melanini. Jambo la kustaajabisha ni kwamba watu wote, mweusi tii, maji ya kunde na mzungu, wana seli hizo kwa idadi inayokaribiana. Tofauti iko katika wingi na ukubwa wa chembe za rangi zinazotengenezwa na jinsi zinavyosambazwa. Kwa maneno mengine, kiwanda ni kilekile, kinachotofautiana ni kiasi kinachotoka.

Kazi ya melanini ni kuwa mwavuli. Inazuia miale mikali ya jua isifike ndani na kuharibu seli. Sisi tunaoishi karibu na mstari wa Ikweta, ambako jua linatuwakia mwaka mzima, tumepewa mwavuli mzito.

Anayetaka kujua thamani ya mwavuli huo awatazame ndugu zetu wenye ualbino, ambao wamezaliwa na melanini kidogo sana au hawana kabisa. Jua la Tanzania linawaunguza, na wengi hupata saratani ya ngozi wakiwa bado vijana. Katika hospitali ya KCMC, Moshi, kuna mradi unaotengeneza mafuta maalumu ya kuwakinga na jua. Fikiria jambo hili, ndugu msomaji: Moshi watu wanafanya kazi kutwa kutengeneza kinga kwa ajili ya wasio na melanini, na huku Dar es Salaam mwingine anatoa fedha yake mfukoni ili aiondoe melanini aliyopewa bure.

MKOROGO UNAFANYAJE KAZI?

Neno mkorogo limetokana na kukoroga, kwa sababu wauzaji na watumiaji huchanganya krimu, sabuni na dawa mbalimbali katika chombo kimoja. Mara nyingi hata anayekoroga hajui ndani mna nini. Vitu vinavyopatikana sana ni vitatu.

1. Haidrokwinoni. Historia yake inafundisha. Mwishoni mwa miaka ya 1930, katika kiwanda kimoja cha kusindika ngozi za wanyama huko Marekani, wafanyakazi weusi waliokuwa wakivaa glavu za mpira waliona mikono yao inatoka mabaka meupe. Walipochunguzwa ilionekana kwamba mpira wa glavu zile ulitiwa kemikali ya jamii ya haidrokwinoni ili usichakae upesi. Madaktari waliliandika jambo hilo kuwa ni ugonjwa uliosababishwa na kazi. Lakini wafanyabiashara walipolisikia wakaona soko. Kilichokuwa ajali kwa mfanyakazi kikageuzwa kuwa urembo kwa mnunuzi.

Haidrokwinoni inazuia kimeng'enya kinachotengeneza melanini. Daktari wa ngozi anaweza kuitumia kwa kiasi kidogo na kwa muda mfupi kutibu mabaka. Ikipakwa kiholela kwa miaka, hasa kwenye jua kali, inaleta ugonjwa ambao madaktari wa Afrika Kusini waliueleza mwaka 1975: ngozi inakakamaa na kutoa madoa ya rangi nyeusi ya kibuluu yasiyotoka kirahisi. Aliyekimbia weusi aliopewa anaishia na weusi wa kujitafutia.

2. Zebaki. Hii ni madini ya sumu. Nayo huzuia melanini, lakini haiishii kwenye ngozi. Inapenya mwilini na kuharibu figo na mishipa ya fahamu. Mama mjamzito akiitumia humfikia mtoto aliye tumboni. Hata taulo na shuka anazotumia aliyejipaka zinaweza kuwadhuru watoto wa nyumba hiyo.

Ushahidi haukutoka mbali. Mwaka 1972 madaktari wa Nairobi waliandika katika jarida la kitabibu la Uingereza kuhusu watu wazima waliokuwa wakivimba mwili kwa ugonjwa wa figo. Wengi wao walikuwa wametumia krimu zenye zebaki za kung'arisha ngozi, na baadhi yao walipata nafuu walipoziacha. Hiyo ni zaidi ya miaka 50 iliyopita.

3. Steroidi. Hizi ni dawa nzuri zikiandikwa na daktari kwa ugonjwa fulani. Zikifanywa losheni ya kila siku, ngozi inakuwa nyembamba kama karatasi, inatoa michirizi na chunusi, na kidonda hakiponi upesi. Zikiingia mwilini kwa wingi zinaweza kupandisha shinikizo la damu na sukari. Mtu wa namna hii akihitaji upasuaji, hata kushona ngozi yake inakuwa kazi ngumu kwa daktari.

Na vile viungo vya vidole? Ngozi ya hapo ni nene na haichubuki kirahisi kama ya shavuni. Ndiyo maana uso unaweza kudanganya lakini vidole vikasema kweli. Wahenga walisema uzuri wa mkakasi, ndani kipande cha mti.

SHERIA INASEMAJE?

Vipodozi vyenye zebaki na haidrokwinoni vimepigwa marufuku Tanzania. Zamani kazi ya kuvisaka ilikuwa ya Mamlaka ya Chakula na Dawa (TFDA), na tangu mwaka 2019 usimamizi wa vipodozi umehamia Shirika la Viwango Tanzania (TBS). Kimataifa upo Mkataba wa Minamata kuhusu zebaki, uliopitishwa mwaka 2013 na kuanza kufanya kazi mwaka 2017. Mwaka 2023 nchi wanachama, Tanzania ikiwemo, zilikubaliana kuondoa kabisa vipodozi vyote vilivyotiwa zebaki ifikapo mwaka 2025.

Liko jambo moja tunaomba vijana walikumbuke. Nchi za Ulaya zilikataza zebaki katika vipodozi vya watu wao tangu mwaka 1976. Hata hivyo, kwa miaka mingi baada ya hapo sabuni zenye zebaki ziliendelea kutengenezwa huko na kuletwa Afrika, mpaka ilipotungwa sheria mwaka 2003 ya kuzuia kuziuza nje. Yaani kilichoonekana ni sumu kwa ngozi ya mtoto wao kilihesabiwa kuwa ni bidhaa kwa ngozi ya mtoto wetu. Anayejipaka kwa kudhani anafanana nao hajui kwamba wao wenyewe walikikataa.

Lakini sheria peke yake haitoshi. Bidhaa zinapita njia za panya, na mafuta ya kupima hayana nembo ya kukaguliwa. Maadamu mnunuzi yupo, muuzaji hatakosekana. Kwa hiyo swali letu kubwa si "nani anauza?" bali "kwa nini mtoto wetu ananunua?"

NI MAJIVUNO AU NI KUJIDHARAU?

Kwa kweli tulipoanza kuandika makala hii tulikusudia kuonya juu ya majivuno: kujitazama sana katika kioo, kutaka kusifiwa, kujionyesha. Filamu ile, na kisa cha binti yetu, vimetufanya tubadili mawazo.

Yule binti hakuwa anajivuna. Alikuwa anaona haya. Hakukitafuta kioo, alikikimbia. Na mtoto wa katika filamu naye hakuwa na kiburi, bali alikuwa amekwisha kubali kwamba wazuri ni wengine.

Hapo tukaona kwamba majivuno na kujidharau ni ndugu wa tumbo moja, ingawa hawafanani sura. Anayejivuna anasema, "Mimi ni bora kwa sura yangu." Anayejidharau anasema, "Mimi ni duni kwa sura yangu." Wote wawili wamekubali mzani mmoja: kwamba thamani ya mtu iko katika ngozi. Na mzani huo tunajua nani alikuwa wa kwanza kuutumia. Ni Iblis, alipokataa kumsujudia Adam (A.S.) kwa kulinganisha moto alioumbiwa yeye na udongo alioumbiwa mwenzake. Aliangalia umbo la nje, akapotea.

DINI YETU INATUFUNDISHA NINI?

Kwanza, rangi zetu si bahati mbaya. Katika Surat Rum, aya ya 22, Mwenyezi Mungu anazihesabu tofauti za lugha zetu na rangi zetu kuwa ni miongoni mwa ishara Zake. Ishara huwekwa ili isomwe. Anayeifuta amefuta maandishi.

Pili, cheo mbele ya Mwenyezi Mungu ni kwa uchamungu. Hilo limo katika Surat Hujurat, aya ya 13, na Mtume (S.A.W.) alilikariri katika hotuba yake ya kuaga alipofundisha kuwa mweupe hana ubora juu ya mweusi, wala mweusi juu ya mweupe, isipokuwa kwa kumcha Mungu. Katika hadithi nyingine iliyopokewa na Muslim tunafundishwa kwamba Mwenyezi Mungu hatazami miili na sura zetu bali nyoyo na matendo yetu.

Tatu, Uislamu haukatazi kupendeza. Mtume (S.A.W.) alipoonya juu ya kiburi, mtu mmoja aliuliza hali ya anayependa nguo yake na viatu vyake viwe vizuri. Akajibiwa kwamba Mwenyezi Mungu ni mzuri na anapenda uzuri, na kwamba kiburi ni kuikataa haki na kuwadharau watu. Basi kuoga, kupaka mafuta ya nazi, hina, wanja, nguo safi na kuchana nywele, kila kimoja kwa mipaka yake, si dhambi. Kutibu ugonjwa wa ngozi kwa daktari nako si dhambi. Kinachokatazwa ni kuligeuza umbo la Mwenyezi Mungu kwa kutoridhika nalo, na kuudhuru mwili ambao ni amana.

Nne, kiko kisa cha sahaba aitwaye Zahir (R.A.), mtu wa jangwani ambaye hakuhesabiwa kuwa na sura nzuri. Siku moja alikuwa sokoni anauza bidhaa zake, Mtume (S.A.W.) akamkumbatia kwa nyuma bila yeye kumwona, na kwa mzaha akauliza nani atamnunua mtumwa huyu. Zahir akasema kwamba yeye ni bidhaa isiyo na thamani. Mtume (S.A.W.) hakuliacha neno hilo lipite. Alimrekebisha palepale, akamwambia kuwa mbele ya Mwenyezi Mungu yeye ni wa thamani kubwa.

Tunaomba wazazi wakitazame kisa hiki vizuri. Mtume (S.A.W.) alisikia mtu akijidharau, akamjibu saa ileile, mbele ya watu. Je, sisi watoto wetu wanapojidharau huwa tunawajibu nini? Au ndio sisi tunaowafundisha?

MANENO YA NYUMBANI

Tujikague. Mtoto akizaliwa, swali la kwanza la wageni ni, "Mweupe au mweusi?" Wakienda kuposa wanasifu, "Binti mzuri, mweupe." Mtoto mweusi anaitwa "Cheusi", "Masizi" au "Mkaa", na wote wanacheka pamoja naye. Anacheka kwa sababu hana la kufanya. Mama anamwambia binti yake asicheze juani "usije ukawa mweusi", kana kwamba weusi ni maradhi. Kisha binti huyohuyo akinunua mkorogo tunashangaa amejifunzia wapi.

Siku hizi simu nazo zimeongeza lao. Ziko programu ambazo mtu akijipiga picha zinamng'arisha uso, zinapunguza pua na kukuza macho. Kijana anaizoea sura ile ya simu, na akitazama kioo cha bafuni anamwona mtu mwingine. Zamani mtu alijilinganisha na jirani. Sasa anajilinganisha na picha yake mwenyewe ya uongo, na anashindwa.

Wavulana wasidhani makala hii si yao. Wako wanaume wanaojichubua, na wako wengi zaidi wanaowasukuma dada zao kwa maneno ya baraza na vijiwe. Anayesema "mimi naoa mweupe tu" ameshauza kopo moja la mkorogo bila kufungua duka.

TUFANYE NINI?

1. Usipake mafuta ya kupima, wala kopo lisilo na jina la mtengenezaji na orodha ya vilivyomo. Ukiona maneno "mercury", "calomel" au "hydroquinone", liache. Na kumbuka kwamba kutoandikwa si dalili ya kutokuwemo.

2. Aliyekwisha anza asionewe haya wala asichekwe. Apelekwe kwa daktari wa ngozi. Aliyetumia steroidi kwa muda mrefu asiache ghafla bila ushauri wa daktari, kwani mwili huwa umeizoea na anaweza kuugua.

3. Kopo lenye zebaki lisichomwe moto wala kumwagwa mtaroni. Mvuke wake ni sumu. Lifungwe vizuri na muulize afisa afya wa mtaa wenu.

4. Wazazi tuache majina ya rangi. Mwite mtoto jina ulilomchinjia akika.

5. Katika kila picha ya familia msimtanie mtu kwa rangi yake. Neno moja la dakika moja linaweza kubebwa mwaka mzima, kama tulivyoona.

6. Tusimdhihaki mtu mweupe wala mwenye ualbino kwa kudhani tunautetea weusi. Dharau ni dharau, kwa rangi yoyote.

MASWALI YA KUJIPIMA

(a) Melanini ina kazi gani katika ngozi ya mwanadamu?
(b) Eleza namna majivuno na kujidharau vinavyofanana.
(c) Mtume (S.A.W.) alifanya nini aliposikia Zahir (R.A.) akijidharau? Wewe utafanya nini ukimsikia mwenzako?
(d) Kumbuka neno moja ulilowahi kumwambia mtu kuhusu rangi yake. Je, umeshamwomba radhi?

HITIMISHO

Wasomaji wetu watapenda kujua hali ya yule binti. Alipelekwa hospitali, akapewa dawa na kuambiwa ajikinge na jua. Ngozi inarudi taratibu, ingawa upande mmoja wa shavu bado una baka. Darasani anahudhuria na hifdhi yake inaendelea vizuri. Picha ya Idd mwaka huu hakutaka kupigwa. Hatukumlazimisha. Alikaa nyuma ya mpigapicha akawapanga wadogo zake, na mwalimu wake akaenda kusimama naye hukohuko. Kidonda cha uso huwa kinatangulia kupona, kile kingine kinahitaji watu.

Tunamalizia kwa kuwakumbusha dua aliyokuwa akiomba Mtume (S.A.W.): kwamba kama Mwenyezi Mungu alivyolifanya zuri umbo lake, basi aifanye nzuri na tabia yake. Mtoto afundishwe dua hii mapema, aijue maana yake, na aiombe akiwa amesimama mbele ya kioo akijitazama bila haya. Ndani ya dua hii umbo limekwisha shukuriwa. Kinachoombewa kuongezwa ni tabia.

Ewe Mwenyezi Mungu, turidhishe na ulivyotuumba, tusafishe nyoyo zetu na kiburi na kujidharau, na utujaalie ndimi zisizowajeruhi watoto wetu. Amin.

Wabillahi tawfiq.